Rod Serling: Aliuza haki zake, wengine wakavuna

Rod Serling alifariki dunia Juni 28, 1975, akiwa na umri wa miaka 50, baada ya upasuaji wa moyo mjini Rochester, Marekani. Aliacha tuzo sita za Emmy na tamthilia ya televisheni inayotazamwa hadi leo. Umiliki wa tamthilia hiyo ulikuwa umeshamtoka mkononi.

Alizaliwa Desemba 25, 1924, Syracuse, jimbo la New York, akakulia Binghamton, ambako baba yake aliendesha bucha. Alipomaliza sekondari mwaka 1943 aliingia jeshini, akapigana Ufilipino akiwa askari wa miavuli. Aliporudi alisoma Chuo cha Antioch, Ohio, akaanza kuandikia redio na baadaye televisheni. Mwaka 1955 mchezo wake Patterns, unaohusu vita vya madaraka ndani ya kampuni, ulipendwa hivi kwamba uliigizwa upya mwezi uliofuata.

Enzi hizo kampuni iliyodhamini kipindi ndiyo iliyokuwa na sauti juu yake. Mwaka huohuo Emmett Till, kijana mweusi wa miaka 14, aliuawa Mississippi, na wazungu wawili walioshtakiwa wakaachiwa huru. Serling aliandika mchezo uliochochewa na kisa hicho. Wadhamini, wakihofia kupoteza wateja wa majimbo ya kusini, waliufanyia marekebisho. Tukio lilihamishiwa kaskazini, na hata chupa za Coca-Cola ziliondolewa zisije zikawakumbusha watu kusini. Uliporushwa mwaka 1956, kiini chake hakikuwemo tena.

Serling akabadili njia. Mwaka 1959 alianzisha The Twilight Zone kupitia kampuni yake, Cayuga Productions, kwa kushirikiana na televisheni ya CBS. Chuki na ubaguzi alivivika mavazi ya viumbe wa sayari nyingine, na mengi yaliyokatazwa awali yakapita. Hadi mwaka 1964 vilitoka vipindi 156, na 92 aliviandika mwenyewe.

Tamthilia iliposimama, alipiga hesabu akaona gharama za utayarishaji zisingerudi. Akaiuzia CBS haki zake. Lakini tamthilia si samaki wa kuoza sokoni. Ikishalipiwa gharama mara moja, huuzwa tena na tena. Vituo vilinunua marudio mwaka baada ya mwaka, na faida ikawa ya CBS.

Aliendelea na filamu, zikiwemo Seven Days in May ya mwaka 1964 na Planet of the Apes ya mwaka 1968, aliyoiandika na Michael Wilson. Miaka ya 1970 alirudi kwenye televisheni na Night Gallery, safari hii bila madaraka ya utayarishaji. Sura yake ndiyo iliyowakaribisha watazamaji, lakini kauli ya mwisho juu ya miswada ilikuwa ya wengine.