Roberto Rossellini, aliyeacha sinema ili kufundisha historia kwa televisheni

Roberto Rossellini alizaliwa Roma, Italia, tarehe 8 Mei 1906. Dunia ilimjua mwaka wa 1945 kwa filamu Roma città aperta, iliyoonyesha mateso ya wakaaji wa mji huo chini ya jeshi la Ujerumani. Aliipiga katika mji wenyewe, miezi michache baada ya Wajerumani kuondoka.

Kwa jina hilo angeweza kuendelea na sinema hadi uzee. Lakini mwanzoni mwa miaka ya 1960 alitangaza kwamba sinema imekufa. Wakati huo watu wengi wa sinema waliidharau televisheni. Yeye aliona ni chombo kinachoingia nyumbani mwa watu, na kinaweza kuwa shule kwa wale wasiosoma vitabu. Mwaka wa 1964 aliandaa vipindi juu ya historia ya chuma.

Mwaka wa 1966, televisheni ya Ufaransa ilionyesha filamu yake juu ya mfalme Louis XIV. Hakumtafuta mchezaji maarufu. Alimchukua Jean-Marie Patte, mfanyakazi wa ofisi, ambaye hakuweza kukariri maneno yake. Yaliandikwa kwenye ubao, naye akayasoma huku akikwepa macho ya wenzake. Woga huo ukawa woga wa mfalme kijana asiyemwamini mtu. Katika filamu, mfalme anawalazimisha wakubwa wa nchi kuvaa nguo za bei kali, ili waishiwe na pesa na wamtegemee yeye. Mwishoni, akiwa peke yake, anavua mavazi yake moja moja, na anabaki mtu wa kawaida.

Baadaye Rossellini alionyesha maisha ya mitume, ya Sokrate, ya Pascal na ya Descartes. Mwaka wa 1972 alimgeukia Mwafrika: Augustino, askofu wa Hippo, katika nchi ambayo leo ni Algeria. Mwaka wa 1971 alikuwa amekwenda Chile kuzungumza na rais Salvador Allende; Waitalia waliona mazungumzo hayo mwaka wa 1973, Allende akiwa amekwisha kufa.

Rossellini alikufa Roma kwa ugonjwa wa moyo tarehe 3 Juni 1977, siku chache baada ya kuongoza baraza la waamuzi kwenye tamasha la Cannes. Alikuwa akitayarisha filamu juu ya Karl Marx. Haikupigwa kamwe.