Von Cramm: Bingwa wa Hamburg aliyefungwa na Wanazi, akarudi kutwaa taji

Na Mwandishi Wetu

WAPENZI wa tenisi wa kizazi hiki wanaikumbuka Hamburg kwa fainali ya Mei 2007, Roger Federer alipomshinda Rafael Nadal kwa seti za 2-6, 6-2, 6-0 na kukata mfululizo wake wa ushindi wa mechi 81 kwenye viwanja vya udongo. Inastahili kukumbukwa. Hata hivyo, katika mji huo huo wa bandari, kaskazini mwa Ujerumani, yupo bingwa mwingine ambaye jina lake limeanza kufifia masikioni mwa watu, ingawa alitwaa taji hilo mara sita: mara nne kabla ya kutiwa gerezani na serikali ya nchi yake, na mara mbili baada ya kutoka.

Huyo ni Gottfried von Cramm.

Alizaliwa Julai 7, 1909 katika kijiji cha Nettlingen, karibu na mji wa Hildesheim, mtoto wa tatu kati ya watoto saba wa kiume wa familia ya kibaroni yenye ardhi na makasri. Alikulia katika utajiri ambao wengi husoma habari zake vitabuni tu. Akiwa bado mtoto, farasi aliyekuwa akimlisha kipande cha sukari alimng'ata na kumkata ncha ya kidole cha shahada cha mkono wa kulia, mkono ule ule wa kushikia raketi. Jambo hilo halikumzuia. Mwaka 1928 alipelekwa Berlin kusomea sheria, lakini muda wake mwingi ukaishia katika klabu ya tenisi ya Rot-Weiss, na haikuchukua muda masomo yakawekwa kando.

Ili kuelewa ukubwa wake ni lazima kwanza kuelewa kiwanja chenyewe. Udongo mwekundu wa viwanja vya Ulaya si udongo wa kawaida wa shambani, bali ni matofali yaliyosagwa hadi kuwa vumbi, yakamwagwa juu ya tabaka za mawe na kokoto. Mpira unapotua hapo hupunguza kasi na kuruka juu. Mwenye mkono mzito pekee hafui dafu, kwa kuwa adui hupata muda wa kuufikia mpira na kuurudisha. Anayeshinda ni mwenye subira, pumzi na miguu isiyochoka. Von Cramm alikuwa na vyote hivyo, pamoja na mpira wa pili wa kuanzishia uliokuwa ukiruka juu kiasi cha kuwasumbua hata waliokuwa bora kuliko yeye.

Mashindano ya Ujerumani yalianza mjini Hamburg mwaka 1892, na makao yake ni viwanja vya Rothenbaum. Von Cramm alitwaa ubingwa wake wa kwanza hapo mwaka 1932, kisha akaurudia mwaka 1933, 1934 na 1935. Nje ya nchi yake alishinda mashindano ya Ufaransa, ambayo nayo huchezwa kwenye udongo, mwaka 1934 kwa kumshinda Jack Crawford wa Australia katika seti tano, na tena mwaka 1936 kwa kumshinda Mwingereza Fred Perry. Kwenye nyasi za Wimbledon bahati haikuwa upande wake. Alifika fainali mara tatu mfululizo, 1935, 1936 na 1937, na mara zote tatu alishindwa. Katika ile ya 1936 aliumia msuli wa mguu mwanzoni kabisa mwa mchezo, lakini alikataa kuacha, akamaliza kwa kufungwa 6-1, 6-1, 6-0.

Tukio linalomweleza mtu huyu kuliko mataji yake lilitokea mwaka 1935, katika Kombe la Davis, Ujerumani ilipokuwa ikicheza na Marekani. Katika mchezo wa wawili wawili, yeye na mwenzake Kai Lund walikuwa wamebakiza pointi moja tu kushinda. Lund akapiga, Wamarekani wakashindwa kuurudisha, na watu wakadhani mambo yamekwisha. Von Cramm akamgeukia mwamuzi na kumweleza kuwa mpira ulikuwa umegusa raketi yake kabla ya kupigwa na Lund. Hakuna mwingine aliyeuona mguso huo. Pointi ikaenda kwa Marekani, na Wajerumani wakapoteza mchezo ule. Viongozi wa timu yake walikasirika. Yeye alishikilia kwamba hakufanya kosa.

Huenda wapo watakaosema huo ni uungwana wa kitajiri, wa mtu asiyehitaji fedha za ushindi. Lakini ikumbukwe alikuwa akiichezea serikali gani. Adolf Hitler alishika madaraka Januari 1933, na katika miezi michache tu Daniel Prenn, mchezaji aliyeshirikiana na von Cramm mwaka 1932 kuifikisha Ujerumani mbali katika Kombe la Davis, aliondolewa kwenye timu kwa sababu moja, kwamba alikuwa Myahudi. Prenn akahamia Uingereza. Von Cramm alibaki, akaendelea kushinda, na watawala wapya wakapenda kumwonyesha duniani kama sura ya Ujerumani yao: mrefu, mwenye nywele za rangi ya dhahabu, wa ukoo wa kale. Tatizo lao ni kwamba mwenyewe hakutaka kuwa bango la mtu. Hakujiunga na chama cha Nazi hadi mwisho.

Isitoshe, alikuwa na siri mbili ambazo kwa watawala hao hazikuwa na msamaha. Mkewe Lisa, aliyemwoa mwaka 1930, alikuwa mjukuu wa mwenye benki wa asili ya Kiyahudi. Na tangu mapema miaka ya 1930 von Cramm alikuwa na uhusiano wa kimapenzi na kijana mwigizaji, Manasse Herbst, ambaye naye alikuwa Myahudi. Herbst alikimbilia Palestina mwaka 1936, na von Cramm akampelekea fedha za kuanzia maisha. Kwa sheria za wakati ule, kosa hapo halikuwa moja.

Alikuwa salama kadiri alivyoendelea kushinda, au ndivyo ilivyoonekana. Ndiyo sababu mchezo wa Julai 20, 1937 mjini London unabaki kuwa wa kusikitisha kuliko michezo yake yote. Ujerumani na Marekani zilikuwa sare 2-2 katika Kombe la Davis, na mechi ya mwisho ilikuwa kati yake na Don Budge, aliyekuwa ametoka tu kumshinda katika fainali ya Wimbledon. Von Cramm alichukua seti mbili za mwanzo, 8-6 na 7-5. Budge akarudisha mbili, 6-4 na 6-2. Katika seti ya tano Mjerumani akaongoza 4-1, kisha mambo yakamgeuka, akafungwa 8-6. Hadithi maarufu inasema kabla ya kuingia uwanjani alipigiwa simu na Hitler mwenyewe. Ushahidi wake ni haba, na mwandishi wa makala haya haoni haja ya simu hiyo. Mtu mwenye siri kama zake hakuhitaji kukumbushwa kilichokuwa kikimsubiri nyumbani.

Machi 5, 1938, muda mfupi baada ya kurejea kutoka ziara ya michezo iliyomfikisha hadi Australia, alikamatwa. Alishitakiwa kwa kifungu cha 175 cha sheria ya jinai, kilichoharamisha mapenzi ya wanaume kwa wanaume na ambacho Wanazi walikuwa wamekiongezea makali mwaka 1935. Mei 14 alihukumiwa kifungo cha mwaka mmoja. Budge, yule yule aliyemshinda London, alikusanya saini za wanamichezo wa Marekani kupinga hukumu hiyo. Von Cramm alitoka Oktoba mwaka huo, baada ya kama nusu ya kifungo chake.

Alitoka lakini milango ikawa imefungwa. Ujerumani haikumrudisha katika timu yake. Mwaka 1939 alikwenda London kucheza mashindano ya Queen's, akamchakaza Mmarekani Bobby Riggs 6-0, 6-1 na kutwaa taji. Wimbledon iliyofuata hakucheza, na bingwa akawa Riggs. Marekani nayo ilikuja kumnyima viza kwa sababu ya hukumu ile ile.

Vita vilipopamba moto aliitwa jeshini mwaka 1940 kama askari wa kawaida na kupelekwa upande wa Urusi, ambako miguu yake iliumizwa na baridi kali. Mwaka 1942 aliondolewa jeshini. Henner Henkel, rafiki aliyetwaa naye mataji ya wawili wawili ya Ufaransa na Marekani mwaka 1937, hakubahatika kurudi. Alikufa vitani huko huko Urusi Januari 1943.

Vita vilipokwisha, von Cramm alikuwa na umri ambao wachezaji wengi huwa wameshatundika raketi. Wajerumani walimchagua mwanamichezo bora wa mwaka 1947, na tena 1948. Mwaka huo wa 1948 akarejea Rothenbaum. Hamburg ilikuwa bado na makovu ya mabomu. Yeye alikuwa na miaka takriban 39, miguu iliyopitia barafu ya Urusi, na miaka kumi na mitatu ilikuwa imepita tangu taji lake la mwisho hapo. Alishinda. Mwaka 1949 akashinda tena. Ujerumani iliporuhusiwa kurudi katika Kombe la Davis mwaka 1951, jina lake lilikuwamo kikosini, na aliendelea hadi 1953. Kwa jumla alishinda michezo 82 ya kombe hilo kati ya 101.

Maisha yake ya baadaye yalikuwa ya biashara ya pamba, na kwa muda mfupi ya kurasa za udaku, baada ya kumwoa tajiri wa Marekani Barbara Hutton mwaka 1955. Ndoa hiyo ilidumu miaka michache tu. Novemba 1976, akiwa katika safari ya biashara nchini Misri, gari alilopanda liligongana na lori karibu na Cairo. Alikuwa na miaka 67.

Mwaka uliofuata jina lake liliingizwa katika jumba la heshima la tenisi duniani. Hukumu ya 1938 ilibaki katika kumbukumbu za serikali kwa miaka mingi zaidi. Bunge la Ujerumani lilifuta hukumu zilizotolewa na Wanazi chini ya kifungu cha 175 mwaka 2002, miaka 26 baada ya kifo chake.