SITI BINTI SAAD NA HUKUMU YA WANYONGE

Televisheni ilianza Zanzibar mwaka 1973. Miongo mingi kabla yake, wananchi wa Visiwani walikuwa wakipata visa vya wizi, dhuluma na mauaji katika nyimbo za taarab. Aliyezifikisha nyimbo hizo mbali kuliko mwingine yeyote ni Marehemu Siti binti Saad.

Siti alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, zama za utumwa, na jina alilopewa kwanza lilikuwa Mtumwa. Wazazi wake walikuwa wafinyanzi. Naye alifinyanga vyungu na kuvitembeza vijijini huku akiimba ili wanunuzi wamsikie. Hakujua kusoma wala kuandika. Mwaka 1911 alihamia mjini, akafunzwa uimbaji na Ali Muhsin, mwanamuziki wa Ikhwani Safaa, kisha akaunda kikundi na akina Maalim Shaaban, Mbaruk, Budda Mwendo na Subeit Ambar. Taarab, iliyokuwa ikiimbwa kwa Kiarabu katika majumba ya wakubwa, wao waliiimba kwa Kiswahili mbele ya watu wa Ng'ambo. Mwaka 1928 walisafiri hadi Bombay kurekodi santuri, na sauti ya mfinyanzi wa Fumba ikaenea pwani yote na hadi bara.

Tungo za kikundi hicho hazikuwa za mapenzi tu. Wimbo wa Kijiti unasimulia kisa cha mwanamke mjamzito, mgeni kutoka Dar es Salaam, aliyechukuliwa matembezini Unguja, akanajisiwa na kuuawa. Muuaji alitorokea Bara. Wanawake waliojitokeza kutoa ushahidi ndio waliotiwa hatiani na mahakama ya kikoloni, kwa hoja kwamba wao ndio walioleta pombe siku ile. Wimbo mwingine ulimsuta karani wa serikali aliyewadhulumu wasiojua kusoma, hata naye akaishia kifungoni.

Hapa ndipo ilipo thamani ya maisha ya Siti. Mwanamke wa Ng'ambo hakuwa na wakili wala gazeti, na hukumu ilipokwisha kutolewa hakuwa na pa kuipeleka tena. Siti na wenzake waliipeleka kwa wananchi. Jalada la kesi lilifungwa, lakini wimbo uliendelea kupigwa katika santuri, na kila aliyeusikia alijua nani ameua na nani amefungwa.

Sisi wa Ukonga tunaishi jirani na gereza linalojulikana nchi nzima. Twajua kwamba kuta hizo ni halali pale tu zinapomzuia mwenye hatia. Zikimfunga shahidi huku mkosaji akitembea, hugeuka dhuluma iliyojengwa kwa fedha za umma.

Siti alifariki tarehe 8 Julai 1950, kabla ya Uhuru na kabla ya Mapinduzi. Shaaban Robert aliandika wasifu wake, hivyo hatuna udhuru wa kutomjua. Ndugu zetu wa Visiwani wanayo haki ya kujivunia binti yao. Lakini watumishi wa serikali, tangu karani wa masjala hadi hakimu, wanalo la ziada la kujifunza kwake. Mnyonge anayesimama mbele ya meza zao pengine hawezi kusoma kilichoandikwa katika jalada lake. Hata hivyo anajua kama ametendewa haki, na atawasimulia wenzake.