Moraa wa Gusii: Stori Inayoshinda Muvi

Kama uko kwa simu unatazama filamu za Kikorea, zile za wanadada wanaorusha mateke na kushika panga, pumzika kidogo nikupe stori ya nyumbani. Staa wake ni Moraa wa Ngiti, wa Kitutu, ile ardhi ambayo leo iko nusu Kisii, nusu Nyamira.

Moraa hakushika upanga. Alikuwa mganga na mtabiri, na Abagusii walimsikiza. Mwaka wa 1905 Waingereza waliingia Kitutu na bunduki ya Maxim, wakaua watu na kubeba ng'ombe. Mwaka wa 1907 wakafungua kituo chao Getembe, ndio hiyo Kisii Town unayoijua. Kuna wakubwa walioanza kuzoea. Moraa alikataa katakata. Wazee husimulia kwamba aliwakemea vijana kwa kukaa tu, akawapa dawa ya kuwakinga na risasi.

Kijana mmoja, Otenyo Nyamaterere, alimsikia vizuri. Januari 1908 alimvizia ofisa wa kikoloni, Geoffry Northcote, akamchoma mkuki. Northcote alipona. Gusii ndiyo haikupona. Wanajeshi walikuja, nyumba zikachomwa, mifugo ikachukuliwa, na watu wakauawa wengi hadi Winston Churchill, akiwa Wizara ya Makoloni kule London, akahoji mauaji hayo ni ya nini. Otenyo alikamatwa akauawa. Jamii inasema kichwa chake kilipelekwa Uingereza, na hadi leo inakidai.

Northcote naye? Alipandishwa cheo mara kadhaa. Mwaka wa 1937 akawa gavana wa Hong Kong, mji uleule uliokuja kuipa dunia filamu za kung fu, ambapo hata mabingwa wa Kikorea walienda kuigiza. Alama ya mkuki wa Kisii ilifika huko kabla ya Bruce Lee kuzaliwa.

Sasa usiniambie Moraa ndiye aliyeponza watu. Ni kweli dawa haikuzuia risasi, na ukisimulia usilifiche hilo. Lakini hesabu miaka: Maxim ilikuja 1905, mkuki ukafuata 1908. Walionyamaza walipigwa, waliokataa walipigwa. Moraa alichagua kukataa.

Darasani kwenu hakukosi msichana anayeitwa Moraa. Muulize kama anajua jina hilo limebeba nini. Kama hajui, mtumie hii, kisha mwende wote mkamuulize nyanya angali hai.