Maisha ya Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe

Jina la Kinjikitile Ngwale tumelisikia sote tangu shule ya msingi, lakini wengi wetu humjua kwa neno moja tu, nalo ni maji. Nimependa kueleza habari zake kwa utaratibu, ili tuone dawa ile ilifanya kazi gani, ilishindwa wapi, na ni nini hasa kilichowaua watu wengi baada yake.

Kinjikitile alikuwa mkaazi wa Ngarambe, magharibi ya vilima vya Umatumbi, upande wa bonde la Rufiji. Hakuwa jumbe wala akida. Siku hizo nchi ilikuwa chini ya Wajerumani, na utawala wao ulikuwa mzito. Kulikuwa na kodi na kazi za kushurutishwa, na tangu mwaka 1902 serikali ya Gavana Götzen ilianzisha mashamba ya pamba ya pamoja katika sehemu za kusini. Watu waliacha makonde yao wakaenda kulima pamba kwa viboko, na malipo yalikuwa haba hata wengine wakakataa kuyapokea.

Mwaka 1904 likatokea jambo lililobadili maisha yake. Wazee walisimulia kwamba asubuhi moja alikuwa nje akiota jua pamoja na wake zake na watoto. Mara akalala kifudifudi akaanza kwenda kwa tumbo, mikono ameinyosha mbele, kana kwamba anavutwa. Jamaa zake wakamshika miguu wasimweze. Akaingia katika kidimbwi cha maji akatoweka. Wenye kujua kuogelea wakapiga mbizi wasimwone, na jamaa zake wakalala ukingoni wakingoja. Kesho yake, saa ile ile, akatoka mzima na nguo zake zi kavu. Watu wakaamini kwamba amechukuliwa na pepo aitwaye Hongo.

Tangu siku hiyo Kinjikitile akawa mganga mkuu. Akajenga nyumba kubwa ya mizimu, akafundisha kuwa wahenga wao wapo pale Ngarambe, na kwamba watu wa makabila yote ni wamoja. Habari zake zikaenea kwa minong'ono, ambayo Wamatumbi waliiita njwiywila. Makundi ya watu yakaja kwa miguu kutoka mbali. Kila mmoja alipewa dawa, nayo ilikuwa maji yaliyochanganywa na mafuta ya mbarika na mbegu za mtama. Wengine walinyunyiziwa, wengine walikunywa, na wengine walitia katika kipande cha mwanzi wakakivaa shingoni. Ahadi ilikuwa kwamba risasi za Wajerumani zitageuka maji.

Hapa pana jambo ambalo wengi hulisahau. Kinjikitile aliwaambia watu wangoje mpaka atoe amri. Wamatumbi wakangoja, lakini pamba ya msimu mwingine ikawa imekwisha kuota na uvumilivu ukawaishia. Mwezi wa Julai 1905, huko Nandete, wakang'oa miche ya pamba kuwa ndiyo dalili ya vita. Amri ya Kinjikitile ilikuwa haijatoka. Yeye alikamatwa, na tarehe 4 Agosti 1905 akanyongwa Mohoro. Husimuliwa kwamba alipokuwa karibu kufa alisema kumwua yeye hakufai kitu, kwa kuwa dawa imekwisha fika Kilosa na Mahenge.

Naam, ilikuwa imefika. Tarehe 30 Agosti mwaka ule ule, maelfu ya wapiganaji waliiendea boma ya Mahenge mchana kweupe, wakiitegemea dawa. Walipokelewa na bombomu, ile bunduki inayotema risasi mfululizo. Risasi hazikugeuka maji. Walianguka wengi sana, na waliosalia wakajua kwamba jambo waliloliamini kwa roho zao zote si kweli. Hata hivyo vita havikwisha. Viliendelea mpaka mwaka 1907, na tarehe 27 Februari 1906 mashujaa wengi wa Kingoni walinyongwa Songea.

Hapa bwenini kwetu, tukizungumza historia baada ya masomo ya usiku, wapo wenzangu wanaocheka. Husema watu wale walikufa kwa ujinga wa kuamini maji. Mimi sikubaliani nao, nami nitatoa sababu zangu.

Ni kweli dawa ilishindwa, na aliyeahidi jambo lisilowezekana hawezi kukosa lawama kabisa. Lakini tazameni hesabu. Wajerumani wenyewe walikadiria watu 75,000 waliokufa, na wanahistoria wengine wamekadiria kati ya 250,000 na 300,000. Wengi wa hao hawakupigwa risasi. Walikufa kwa njaa. Maofisa wa Kijerumani walipoona kuwa watu wanapigana kwa kuvizia msituni, waliamua kuitumia njaa kuwa silaha. Vijiji vilichomwa, maghala yakateketezwa, na mazao yakaharibiwa shambani. Mtoto aliyekufa kwa njaa Ungindo au Ungoni hakuuawa na imani ya Kinjikitile. Aliuawa na amri iliyotolewa na watu waliojua kusoma na kuandika, wenye akili timamu. Nchi ikabaki tupu, msitu ukarudi, tembo na nyati wakaingia palipokuwa na makonde, na sehemu kubwa yake baadaye ikawa pori la wanyama la Selous.

Jambo la pili ni kwamba watu wale walikwisha pigwa kabila moja moja kabla ya hapo. Dawa ndiyo iliyowapa moyo wa kusimama pamoja, Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, Wangoni na wengine. Haikuzuia risasi, lakini baada ya vita mashamba yale ya pamba ya kushurutishwa yaliachwa.

Leo Nandete pana mnara wa ukumbusho, na Songea wanaadhimishwa mashujaa kila Februari. Lakini wale waliokufa kwa njaa wengi hawana kaburi linalojulikana wala jina lililoandikwa. Kwa hiyo nawaomba wenzangu tuache kuwacheka. Na ninyi wazazi wetu, ambao majumbani kwenu bado huzungumzwa habari za njaa ile, tusimulieni tukija likizo, nasi tutaziandika.

Mwanafunzi wa Kidato cha Nne