Mwepu Ilunga: Beki aliyechekwa na dunia kwa teke moja

Mtu akisimama Nchelenge, ufukweni mwa Ziwa Mweru, akatazama jua linakozama, nchi iliyo mbele yake ni Katanga. Ng'ambo hiyo ndiko walikotoka wengi wa Wakongo walioanza kumiminika Zambia mwaka 2017 wakikimbia mapigano ya Haut-Katanga na Tanganyika, na ambao tangu mwanzoni mwa 2018 wamekuwa wakiishi katika makazi ya Mantapala. Ng'ambo hiyo hiyo, mjini Lubumbashi, ndiko lilikovuma jina la beki ambaye dunia inamjua kwa teke moja tu, na inamjua vibaya.

Anaitwa Mwepu Ilunga. Alizaliwa Agosti 22, 1949, wakati Kongo ikiwa bado koloni la Ubelgiji, na jina lake la ubatizo lilikuwa Joseph. Mwaka 1972 Rais Mobutu Sese Seko, aliyekuwa amekwisha kuibadili nchi kuwa Zaire, aliwaamuru raia wake wayaache majina ya Kikristo. Ndiyo maana kwenye orodha za kikosi cha Kombe la Dunia hakuna Joseph.

Klabu iliyomtoa ilikuwa na historia ya majina pia. Ilianzishwa mwaka 1939 na wamisionari wa Kibenediktini mjini Elisabethville, kama Lubumbashi ilivyoitwa wakati huo, ikiitwa Saint-Georges. Baadaye ikabeba jina la matairi ya Englebert, na mwishowe ikawa TP Mazembe. Ilitwaa Kombe la Klabu Bingwa Afrika mwaka 1967 na 1968, kisha ikafika fainali mbili zilizofuata na kuzipoteza. Fainali nne mfululizo. Beki wa kulia aliyekulia soka katika mji wa namna hiyo, ambako mpira na mgodi wa shaba ndivyo vilivyojaza mazungumzo ya mtaani, hakuwa mtu wa kufundishwa sheria ya faulo.

Hilo ni vema likumbukwe mapema, kwa sababu mambo yote yaliyosemwa juu yake baadaye yalijengwa juu ya dhana kwamba hakuijua.

Mobutu aliuona mpira kuwa bendera yake. Aliwarudisha nyumbani wachezaji wa Kikongo waliokuwa wakicheza Ubelgiji, akaibadili timu ya taifa kutoka Simba kuwa Chui, akaleta kocha kutoka Yugoslavia, Blagoje Vidinić, aliyekuwa ameipeleka Morocco kwenye Kombe la Dunia la 1970. Wachezaji walipendelewa sana, lakini hawakuruhusiwa kwenda kusakata soka la kulipwa nje ya nchi. Walikuwa mali ya taifa, na taifa lilikuwa mtu mmoja.

Katika mchujo wa mwisho wa kuwania tiketi ya Kombe la Dunia, Zaire ilipangwa na Zambia na Morocco. Novemba 1973 Chui waliifunga Zambia 2-0 mjini Lusaka, kisha 2-1 mjini Kinshasa. Desemba wakaitandika Morocco 3-0. Zaire ikawa nchi ya kwanza ya Afrika kusini mwa Sahara kufuzu. Mobutu aliwapa wachezaji wake nyumba na magari.

Machi 1974, huko Misri, majirani hao wawili wa Luapula walikutana tena, safari hii katika fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika. Wazambia wa umri mkubwa hawajaisahau mechi ile. Zaire ilikuwa ikiongoza 2-1 katika dakika za nyongeza, watu wakisubiri kipyenga cha mwisho, Brighton Sinyangwe akasawazisha. Hakukuwa na mikwaju ya penalti wakati huo; timu zilirudiana siku mbili baadaye na Zaire ikashinda 2-0. Mabao yote manne ya Zaire katika mechi hizo mbili yalifungwa na Ndaye Mulamba, aliyemaliza mashindano na mabao tisa, rekodi ambayo haijavunjwa. Zambia ilisubiri hadi 2012 kulipata kombe hilo.

Mwepu alikuwa katika kikosi hicho cha mabingwa. Miezi mitatu baadaye alikuwa Ujerumani Magharibi.

Mechi ya kwanza ilikuwa Juni 14 mjini Dortmund dhidi ya Scotland. Hapa ndipo tofauti ya kazi ilipoonekana, kuliko hata tofauti ya mpira. Wafungaji wa Scotland, Peter Lorimer na Joe Jordan, pamoja na nahodha wao Billy Bremner, walikuwa wachezaji wa Leeds United, mabingwa wa Uingereza msimu ule, watu waliosaini mikataba na kulipwa mishahara kwa kucheza. Mwepu na wenzake walikuwa wakingoja posho kutoka kwa viongozi wao. Hata hivyo walifungwa 2-0 tu, tena baada ya kuwahangaisha Waskoti kwa vipindi virefu. Haikuwa aibu hata kidogo.

Baada ya mechi hiyo wachezaji waligundua kwamba fedha walizoahidiwa hazitafika. Kwa maelezo ya Mwepu mwenyewe miaka mingi baadaye, zilikuwa zimeishia mikononi mwa maofisa waliofuatana na timu. Wakagoma. Wakasema hawatacheza na Yugoslavia. Wakabembelezwa, wakaingia uwanjani Juni 18 mjini Gelsenkirchen, miili ipo na mioyo haipo.

Matokeo yakawa 9-0. Baada ya bao la tatu tu, kipa Kazadi Mwamba alitolewa nje ingawa hakuwa ameumia, akaingia Tubilandu, ambaye kazi yake ya kwanza ilikuwa kuokota mpira wavuni. Kwa kuwa kocha alikuwa Myugoslavia, uvumi ulienea haraka, lakini nao haukulipa posho ya mtu. Katika vurugu za bao la nne mwamuzi Omar Delgado wa Colombia alipigwa teke kwa nyuma, akamwonyesha Ndaye Mulamba kadi nyekundu. Aliyempiga hakuwa Ndaye. Alikuwa Mwepu. Mmoja alivaa jezi namba 13, mwingine namba 2, lakini mwamuzi hakutaka kusikia, na mfungaji bora wa Afrika akatolewa nje kwa kosa la beki wake.

Kwa hiyo Mwepu hakuwa malaika. Siku ile alikuwa mtu mwenye hasira aliyemwachia rafiki yake mzigo, na anayeandika habari zake hana sababu ya kulificha hilo.

Kilichofuata kilitokea hotelini. Mwepu alisimulia kwamba walinzi wa Mobutu walifika, wakafunga milango, waandishi wa habari wakatolewa nje, na wachezaji wakaambiwa kwamba wakifungwa na Brazil mabao manne au zaidi, asidhani mtu kwamba atarudi nyumbani. Walioijua Zaire ya miaka ile walijua maana yake. Mwaka 1966 mawaziri wa zamani walikuwa wamenyongwa hadharani mjini Kinshasa mbele ya umati mkubwa.

Basi tazama hesabu za Juni 22. Brazil, bingwa mtetezi, ilikuwa imetoka sare mbili za bila mabao na ilihitaji ushindi wa mabao matatu ili iipiku Scotland. Zaire iliweza kufungwa matatu na kubaki salama. La nne lilikuwa hatari. Timu zote mbili, kila moja kwa hofu yake, ziliishi kwenye namba ileile. Jairzinho alifunga, Rivelino akafunga, na Valdomiro akapata la tatu kwa shuti dhaifu lililompita Kazadi. Jijini Frankfurt, Scotland ilitoka sare 1-1 na Yugoslavia na kuaga mashindano bila kupoteza mechi hata moja, kwa tofauti ya bao moja.

Na katika dakika za mwisho mwisho za mechi hiyo Brazil ilipata faulo karibu na eneo la hatari la Zaire. Ukuta ukapangwa. Rivelino, mtu aliyekuwa na mguu wa kushoto unaoogopwa duniani kote, alisogea karibu na mpira. Mwamuzi Nicolae Rainea wa Romania akapiga filimbi. Kabla Mbrazili yeyote hajaugusa, namba 2 wa Zaire alichomoka kwenye ukuta, akakimbia, akaupiga mpira mbali hadi nusu ya pili ya uwanja. Wabrazili walibaki wameduwaa, wengine wakacheka. Rainea alitoa kadi ya njano.

Picha zile zimeonyeshwa kwa miongo mitano. Katika vipindi vya televisheni vya vichekesho vya soka vya Ulaya hazikukosekana, na watangazaji walizieleza kama ushahidi kwamba Waafrika walikwenda Kombe la Dunia bila kuijua sheria. Wazee waliouangalia mpira wa Zaire kuanzia 1967 walijua kwamba hilo haliwezekani. Timu iliyocheza fainali za Afrika mfululizo ilikuwa imeona faulo nyingi kuliko watu waliokuwa wakiicheka.

Mwepu alieleza sababu zake zaidi ya mara moja, na maelezo hayakufanana kila siku. Wakati fulani alisema alikusudia kutolewa kwa kadi nyekundu, kwa kuwa hakuona faida ya kuumia uwanjani ilhali waliokula fedha zake wamekaa jukwaani wakitazama. Wakati mwingine alizungumzia kupoteza muda, na hofu ya bao la nne. Watu wamezichukua tofauti hizo kama dalili ya uongo. Lakini anayekumbuka hofu ya miaka ishirini na nane nyuma haikumbuki kama ripoti ya polisi, na sababu hizo hazipingani: mtu anaweza kuwa na hasira na woga kwa dakika moja. Jambo moja hakulibadili kamwe, kwamba sheria aliijua.

Walirudi Kinshasa na 3-0 yao, hai, na Mobutu akawasahau. Fedha za serikali zilielekezwa kwingine. Oktoba mwaka huohuo Kinshasa ilikuwa ikiandaa pambano la ngumi la Muhammad Ali na George Foreman. Zaire ilijitoa katika mchujo wa Kombe la Dunia la 1978, na Kongo ikakaa miongo mingi bila kurudi kwenye fainali hizo. Wachezaji wa kizazi kile, waliozuiwa kuuza vipaji vyao Ulaya walipokuwa na miaka 24 au 25, walizeeka bila pensheni. Mwepu alipohojiwa mwaka 2002 alisema maisha yamemshinda, na kwamba angelijua mwisho wake mapema angekuwa mkulima.

Ndaye Mulamba, yule aliyebeba kadi yake, alipigwa risasi mwaka 1994 na watu waliovamia nyumba yake baada ya kurejea kutoka Tunisia alikokwenda kuenziwa. Akakimbilia Afrika Kusini. Mwaka 1998, katika Kombe la Mataifa ya Afrika huko Burkina Faso, uwanja mzima ulisimama dakika moja kumwombolezea, naye alikuwa hai, mkimbizi asiye na kazi ya maana. Alifariki Januari 2019. Bingwa wa Afrika kuishi kwa karatasi za ukimbizi ni habari ambayo haihitaji kufafanuliwa kwa mtu wa Mantapala.

Vijana wanaocheza mpira katika makazi hayo leo walizaliwa Mobutu akiwa amekwisha kuanguka. Kiswahili chao ni kile cha Lubumbashi, na Kibemba chao kinawaruhusu kununua samaki Nchelenge bila mkalimani. Mpaka uliopita katikati ya Zaire na Zambia kwenye fainali ya 1974 unapita katikati ya koo zao.

Mwepu Ilunga alifariki Kinshasa Mei 8, 2015, baada ya kuugua kwa muda mrefu, akiwa na miaka 65. Miezi sita kamili baadaye, Novemba 8, Mazembe ilimaliza kazi dhidi ya USM Alger mjini Lubumbashi na kutwaa tena ubingwa wa Afrika. Katika mechi ya kwanza mjini Algiers mabao yake yalikuwa yamefungwa na Mzambia Rainford Kalaba na Mtanzania Mbwana Samatta, na Samatta akafunga tena kwenye marudiano. Januari 2016 alisaini mkataba na Genk, akaenda Ubelgiji, na hakuna rais aliyemzuia.