HENRIETTE SONTAG: CHEO KILIMNYAMAZISHA, SHIDA IKAMRUDISHA JUKWAANI

Wajerumani wamepata waimbaji wa kike wengi, lakini ni wachache waliovuma kama Henriette Sontag, na wachache zaidi waliopandishwa na kuteremshwa na dunia kama alivyofanyiwa yeye. Alizaliwa katika mji wa Koblenz, penye mto Rhine, tarehe 3 Januari, 1806. Baba na mama wote walikuwa watu wa jukwaani. Baba alifariki mapema, na mama akamchukua binti mpaka Prague, akamtia katika chuo cha muziki. Alipofika umri wa miaka 15 alikuwa amekwisha kusimama mbele ya watu akiimba opera, yaani ule mchezo ambao maneno yake huimbwa badala ya kusemwa, wapigaji ala wakifuatana na waimbaji hatua kwa hatua.

Sauti yake ilikuwa ile ya juu kabisa ya kike, wanayoiita soprano. Haikuwa sauti ya kishindo. Sifa yake ilikuwa ni wepesi na usafi: iliweza kupanda na kushuka mbio mbio kama mtu anayekimbia ngazini, wala mguu usiteleze. Baadaye huko Paris aliimba tungo za Pierre Rode zilizotungwa kwa ajili ya fidla, na koo lake likafanya ilichokuwa ikifanya mikono ya mpiga fidla.

Umaarufu ulimjia Vienna. Mtunzi Carl Maria von Weber alimpa nafasi ya kwanza katika opera yake mpya, Euryanthe, iliyoonyeshwa mara ya kwanza tarehe 25 Oktoba, 1823. Binti alikuwa na miaka 17. Haukupita mwaka, akaitwa na Beethoven mwenyewe. Tarehe 7 Mei, 1824, Simfonia ya Tisa ilisikiwa na watu kwa mara ya kwanza, na Henriette alikuwa miongoni mwa waimbaji wanne waliosimama mbele. Beethoven alikuwa kiziwi wakati huo, na mambo aliyoyaandikia makoo ya wanawake yalikuwa ya juu mno. Henriette na mwenziwe Caroline Unger walimsihi ayateremshe kidogo, naye akakataa katakata. Sisi watunzi tu watu wa namna hiyo. Tukishaweka mizani yetu, shida ya msomaji twaiona si yetu. Yasimuliwa kwamba watu walipopiga makofi, mzee hakuwa na habari, mpaka Caroline alipomshika akamgeuza, akayaona makofi kwa macho.

Mwaka wa 1825 Henriette alikwenda Berlin, na huko watu walirukwa na akili. Mwandishi mmoja, Ludwig Rellstab, aliona mambo yamepita kiasi, akaandika kitabu cha kuwadhihaki waliomhusudu yule binti. Katika waliochomwa na kalamu hiyo walikuwamo wakubwa wa serikali na mabalozi, na Rellstab akajikuta kifungoni katika ngome ya Spandau. Kalamu, jamani, ina hatari zake.

Kisha Paris 1826, na London 1828. Huko alikutana na Maria Malibran, bibi mwenye sauti nzito zaidi na moto mwingi kuliko yeye. Wapenzi wa muziki waligawanyika makundi mawili, na wenyewe wakawa hawapikiki chungu kimoja. Dawa ikawa ni kuwaimbisha pamoja. Sauti mbili zilipochanganyika, chuki iliyeyuka, na waliobahatika kuwasikia pamoja hawakuacha kuyasimulia.

Lakini moyoni Henriette alikuwa na siri. Alikuwa amefunga ndoa na Carlo Rossi, mwenye daraja ya ukabaila na mtumishi wa ubalozi wa ufalme wa Sardinia, dola iliyokuwako kabla ya Italia kuwa moja. Kwa wakubwa wa Rossi, mke mwimbaji wa jukwaani ilikuwa ni aibu, kwa hivyo ndoa ilifichwa. Mfalme wa Prussia ndiye aliyelifungua fundo, akampa bibi jina la kikabaila, von Lauenstein. Ndoa ikatangazwa, na bei yake ikawa ni kuacha jukwaa. Mwaka wa 1830, akiwa na miaka 24 tu, akaaga.

Kwa muda wa karibu miaka 20 aliishi kama mke wa balozi: The Hague, Frankfurt, St Petersburg, kisha Berlin. Aliimba katika majumba ya wakubwa na kwa ajili ya sadaka. Mimi naona kioja hapa. Cheo kilimkataza kuimba kwa ujira, lakini hakikumzuia kuwatumbuiza bure wageni wa wale wale waliouona ujira wake kuwa ni aibu.

Ndipo ikaja 1848, mwaka wa mapinduzi uliotikisa viti vya enzi Ulaya. Mali ya akina Rossi ikapotea. Nyumba ina watoto, mume hana njia, na mke anayo ile sauti. Katika 1849, London, Henriette alirudi jukwaani akiwa na miaka 43, na Rossi akaacha kazi ya ubalozi. Waliokwenda kumtazama kwa kumwonea huruma walipigwa na butaa, kwani sauti ilikuwa imehifadhika. Mwaka uliofuata aliimba kama Miranda katika La Tempesta, opera mpya ya Halévy. Aibu ya jana ndiyo iliyokuwa riziki ya nyumba, na sikuona mahali paliposimuliwa kwamba ukoo uliikataa.

Mwaka wa 1852 alivuka bahari kwenda Marekani, akaimba mji baada ya mji. Mwaka wa 1854 alishuka mpaka Mexico na kundi la opera. Kipindupindu kilikuwa kimeingia mjini. Kilimshika katikati ya kazi, na tarehe 17 Juni, 1854, akafa, umri wake miaka 48. Mashine ya kunasa sauti ilikuwa bado miaka 23 kubuniwa, kwa hivyo hakuna aliye hai leo ajuaye koo lile lilivyolia.

Maiti yake ilirudishwa Ujerumani, ikazikwa katika nyumba ya watawa ya St Marienthal, huko Saxony. Mdogo wake, Nina, aliyekuwa naye mwimbaji zamani, ndiko alikokuwa ameingia utawa.